Kifaransa kanisani: si mmisionari aliyekiweka madhabahuni

Tangu Mali ilipokishusha Kifaransa katika katiba yake mpya ya Julai 2023, kutoka lugha rasmi hadi lugha ya kazi tu, na Burkina Faso ikafanya vivyo hivyo mwishoni mwa mwaka huo, hapa Afrika Mashariki yamesikika maoni ya aina moja. Machi 2025 Niger ikaipa Kihausa hadhi ya lugha ya taifa, na mwezi huohuo nchi zote tatu zikatangaza kujitoa katika jumuiya ya kimataifa ya nchi zinazotumia Kifaransa. Maoni yakageuka hukumu: Kifaransa kinafungasha virago Afrika, na Kanisa ndilo litakalofuata. Wapo Wakristo wenzetu waliokwenda mbali zaidi. Wanasema kwa kuwa Kongo imo ndani ya Jumuiya ya Afrika Mashariki tangu 2022, Kiswahili kitapanda altareni na Kifaransa kitatokea mlango wa sakristia.

Nadhani hesabu hiyo imekosewa tangu mstari wa kwanza. Inadhani kwamba Kifaransa cha kanisani ni mzigo ulioachwa na mmisionari, kwa hiyo mkoloni akiondoka, na mabalozi wake wakifukuzwa, mzigo nao unaondoka. Historia ya Kongo, ambako suala hili lina uzito kuliko kwingine kokote barani, inaonyesha kinyume. Kifaransa kiliingizwa kwenye ibada na Waafrika wenyewe, wengi wao baada ya uhuru, kwa sababu zao. Na leo kimeshika karatasi za Kanisa kuliko kilivyoshika midomo ya waamini. Kuna hasara katika hali hiyo, tena kubwa, lakini iko kwenye hizo karatasi, na sisi wa upande huu wa Ziwa Tanganyika tunailipa pasipo kujua.

Turudi nyuma kidogo. Charles Lavigerie, Mfaransa, Askofu Mkuu wa Algiers, alianzisha Shirika la Wamisionari wa Afrika mwaka 1868. Ndio hao waliokuja kuitwa Mapadri Weupe kwa sababu ya kanzu zao. Msafara wao wa kwanza wa upande huu ulipita Bagamoyo mwaka 1878, ukafika Ujiji mwanzoni mwa 1879, na kutoka hapo wakavuka ziwa hadi Mpala na vituo vingine ambavyo sasa viko Kongo. Lavigerie aliwapa agizo ambalo hata leo lingewashangaza wengi: wajifunze lugha ya wenyeji mara wafikapo, na kabla ya miezi sita kwisha wawe wanazungumza lugha hiyo hata wao kwa wao. Walikikuta Kiswahili njiani kikisafiri na misafara ya biashara, wakakifanya lugha ya katekesi. Huku pwani, Mapadri wa Roho Mtakatifu, nao Wafaransa, waliofungua misheni ya Bagamoyo mwaka huohuo wa 1868, walitutolea Charles Sacleux, ambaye kamusi yake kubwa ya Kiswahili kwa Kifaransa, iliyoanza kuchapwa Paris mwaka 1939, bado hufunguliwa na kila anayechunguza lahaja za pwani kwa dhati. Huko Buganda, katika vita vya dini vya 1892, kundi la Wakatoliki liliitwa Bafransa. Hao Bafransa hawakuwa wakizungumza Kifaransa. Lilikuwa jina la kambi tu, kama ambavyo wapinzani wao waliitwa Bangereza. Kwa ufupi, Wafaransa walipokuwa wengi zaidi katika misheni zetu, Kifaransa chenyewe kilisikika kidogo sana.

Chini ya Wabelgiji mambo hayakubadilika kwa haraka. Wamisionari wengi wa Kongo walikuwa Waflemishi, watu waliokuwa na ugomvi wao wa nyumbani na Kifaransa, na hawakuwa na haraka ya kukieneza kwa Waafrika. Shule za misheni zilifundisha kwa Kiswahili, Kilingala, Kikongo, Tshiluba na lugha nyingine za mahali. Madhabahuni kulikuwa na Kilatini. Kifaransa kilikuwa cha wachache: waseminari, makarani, wale walioitwa watu walioendelea. Mfano wake bora ni Stefano Kaoze, mzaliwa wa upande wa magharibi wa ziwa letu, aliyesoma kwa Mapadri Weupe wa Mpala na kupewa upadri mwaka 1917 akiwa Mkongo wa kwanza wa zama hizi kuupata. Insha yake juu ya fikra za Wabantu, iliyoanza kuchapwa mwaka 1910, huhesabiwa miongoni mwa maandishi ya kwanza ya Mkongo kwa Kifaransa. Mtu aliyesali na kufundisha kwa Kiswahili akaandika kwa Kifaransa. Mgawanyo huo wa kazi, mdomo huku na karatasi kule, ulianza na padri wa kwanza kabisa, na hadi leo hakuna aliyeufuta.

Mabadiliko yalikuja kwa pamoja katika miaka ya 1960. Mwaka 1962 serikali ya Kongo huru ilifanya Kifaransa kuwa lugha ya kufundishia tangu darasa la kwanza, jambo ambalo Wabelgiji wenyewe hawakuwa wamelifanya kwa nchi nzima. Mwaka uliofuata Mtaguso wa Pili wa Vatikano ukafungua mlango wa lugha za watu katika liturujia. Kilatini kilipotoka, kilichoingia mahali pake vijijini ni lugha za kienyeji, na mijini zikaingia lugha hizo pamoja na misa ya Kifaransa kwa ajili ya kizazi kilichokuwa kikitoka madarasani. Hakuna gavana aliyeagiza hilo. Liliombwa na walimu, watumishi wa serikali na wanafunzi wa vyuo, Wakongo watupu, waliotaka kusali kwa lugha waliyosomea. Hata misale (kitabu cha misa) ya ibada ya Kizaire, kwa jina la Kongo la wakati ule, iliyoidhinishwa na Roma mwaka 1988 baada ya juhudi ndefu za Kardinali Joseph-Albert Malula na wenzake, ile yenye kuwaita mababu na yenye kucheza kuizunguka altare, ina jina rasmi la Kifaransa. Kazi ya utamadunisho, yaani ya kuivika imani utamaduni wa watu, iliyo maarufu kuliko zote Afrika iliandaliwa na kutetewa mbele ya Vatikano kwa lugha hiyo.

Kwa nini basi inaendelea kushikiliwa? Wanaoitetea wana hoja ambazo hazistahili dharau. Ya kwanza ni ya siasa. Kongo ina lugha za kienyeji zaidi ya mia mbili na lugha nne za taifa, na kila moja ya hizo nne ina upande wake wa ramani. Kilingala kwa mtu wa Bukavu kina harufu ya jeshi la Mobutu. Kiswahili nacho kiliingia Kinshasa mwaka 1997 kikisindikizwa na bunduki za askari wa Laurent-Désiré Kabila, na tangu Goma ilipotwaliwa na waasi wa M23 Januari 2025, na Bukavu mwezi uliofuata, kushukiwa kwa mtu wa mashariki hakujapungua. Maaskofu wa Baraza lao, CENCO, pamoja na Waprotestanti wa ECC, muungano wa makanisa yao, wamekuwa wakizunguka na mpango wao wa amani kwa serikali, kwa waasi waliokaa Goma na kwa wanasiasa walioko Ubelgiji. Waraka wa namna hiyo ukiandikwa kwa Kilingala au kwa Kiswahili, nusu ya nchi ingekuwa imeshauhukumu kabla ya kuusoma. Kifaransa hakimfurahishi mtu, lakini hakimpi jirani yako ushindi.

Hoja ya pili ni ya nguvu. Kanisa la Kongo limekuwa sauti ya umma kwa sababu linaweza kuiambia dola maneno mazito kwa lugha ambayo dola haiwezi kujifanya haikuielewa. Makubaliano ya mkesha wa mwaka mpya wa 2017, yaliyotaka uchaguzi uitishwe na Rais Joseph Kabila asigombee tena, yalisimamiwa na maaskofu. Mwaka uliofuata walei wa Kikatoliki waliitisha maandamano kwa matamko ya Kifaransa safi, na watu wakamiminika barabarani wakiimba kwa lugha zao. Katika uchaguzi wa Desemba 2018 CENCO ilisambaza waangalizi wapatao 40,000, kisha ikasema wazi kwamba matokeo yaliyotangazwa hayalingani na yale waliyoyakusanya. Na si serikali peke yake iliyoambiwa. Januari 2024, baada ya Roma kuruhusu aina fulani ya baraka kwa watu wa jinsia moja wanaoishi pamoja, Kardinali Fridolin Ambongo wa Kinshasa, kwa niaba ya maaskofu wa Afrika na Madagaska, alitia saini tamko la kusema Afrika haitafanya hivyo. Ukubaliane nalo au usikubaliane, huyo alikuwa Mwafrika anayetumia lugha za Ulaya kuikatalia Ulaya. Parokia nyingi za Ufaransa kwenyewe zinaendeshwa na mapadri kutoka Kongo, Benin, Kameruni na kwingineko. Ukitafuta leo mahali ambapo Kifaransa cha Kikatoliki kina makanisa yaliyojaa, utatua Kinshasa kabla ya Lyon.

Hoja ya tatu ndiyo dhaifu, na kwa bahati mbaya ndiyo inayosemwa zaidi sebuleni mwa mapadri: kwamba mambo mazito ya imani hayaelezeki kwa Kiswahili, kwamba teolojia inahitaji lugha iliyokwisha kupita mikononi mwa wanafalsafa. Wanaosema hivyo wamesahau kilichotokea kwao wenyewe. Placide Tempels, Mfransisko Mflemishi aliyeandika juu ya falsafa ya Wabantu, anajulikana duniani kwa kitabu hicho kilichotoka kwa Kifaransa mwaka 1945. Lakini kazi yake yenye uhai zaidi aliifanya baadaye, miaka ya 1950, kwenye migodi ya Kolwezi, pamoja na wachimbaji wa shaba na wake zao, katika harakati iliyojiita Jamaa. Mafundisho ya Jamaa yalikuwa ya Kiswahili cha Katanga mwanzo hadi mwisho, yakijengwa juu ya uzima, uzazi na mapendo. Watu ambao wengi hawakufika sekondari walijadili Utatu, ndoa na upadri kwa undani hadi wasomi wa vyuo vya Ulaya wakaja kuwarekodi na kuandika vitabu juu yao. Maaskofu waliishuku Jamaa baadaye kwa sababu ilikuwa na mawazo mengi na yenye kujitegemea kupita kiasi. Hakuna aliyelalamika kwamba lugha yao haikutosha. Na huku kwetu Mathias Mnyampala aliitia Injili katika tenzi, wakati masheikh wa pwani walikuwa wamejadili sifa za Mungu kwa Kiswahili karne nyingi kabla hatujasikia habari za seminari.

Sasa upande wa pili, wa wale wanaotaka Kifaransa kitolewe. Hoja yao yenye nguvu ni ya matabaka, na hapo wana haki. Kwa kawaida parokia ya mjini mashariki mwa Kongo ina misa kadhaa za Jumapili, na ile ya Kifaransa inajulikana ni ya nani: familia zenye gari na vijana wa chuo. Michango ya misa hiyo huwa minono, na kwaya yake hupata vinanda vipya kwanza. Kwa Wapentekoste jambo hilo limekuwa kama tamthilia. Mhubiri wa Goma au Lubumbashi anasimama na kuhubiri kwa Kifaransa, mkalimani pembeni yake anatia kwa Kiswahili, na mkutano mzima ungemwelewa mhubiri huyo moja kwa moja, maana ni mtoto wa mtaa huohuo na pengine Kiswahili chake kinamzidi mkalimani. Anachokitafuta ni heshima, na heshima anaipata. Niliwahi kusali katika parokia moja ya Uvira, Kongo, ambako misa nzima, nyimbo na homilia, ilikuwa ya Kiswahili, hadi ilipofika barua ya maaskofu. Ilisomwa yote kwa Kifaransa, kurasa kadhaa, kisha ikafupishwa kwa Kiswahili kwa sentensi zisizofika kumi. Akina mama waliojaza viti vya mbele walipewa muhtasari wa barua iliyoandikwa juu ya maisha yao.

Hoja yao dhaifu ni hiyo ya Sahel, yaani ya Mali, Burkina Faso na Niger. Mali na Niger ni nchi za Waislamu kwa sehemu kubwa sana, na uamuzi wao ulihusu dola, mahakama na uhasama na Paris. Isitoshe, hata huko Kifaransa kimebaki lugha ya kazi. Kilichoshuka ni cheo. Anayetaka kujua nini hutokea Kanisani serikali inapobadili lugha asiangalie Bamako. Aangalie Kigali. Mwaka 2008 Rwanda iliamua kufundisha kwa Kiingereza badala ya Kifaransa, na mwaka uliofuata ikaingia Jumuiya ya Madola. Ulikuwa mgeuko mkali kuliko yote iliyofanyika katika ukanda huu. Makanisani hakuna kilichoyumba, kwa kuwa watu walikuwa wakisali Kinyarwanda kabla na baada. Kifaransa kilikuwa katika nyumba za mapadri na makabati ya kumbukumbu za majimbo, nacho kilibaki humo, kikizeeka pamoja na wenyewe. Kinachofifia taratibu ni uwezo wa mapadri vijana kuyasoma makabati hayo.

Hapo ndipo palipo na hasara niliyoitaja mwanzoni. Kigoma yetu na Kalemie ya Kongo zimetazamana juu ya maji yaleyale. Ziliinjilishwa na shirika lilelile, katika miaka ileile, na watu wake wanasali Kiswahili, lafudhi tu ndizo zinapishana. Lakini askofu wa Kigoma yumo katika AMECEA, shirikisho la mabaraza ya maaskofu lililoanzishwa mwaka 1961 kwa nchi zinazotumia Kiingereza, na mwenzake wa ng'ambo yumo katika ACEAC pamoja na Rwanda na Burundi. Mpaka kati ya mashirikisho hayo haukuchorwa na ziwa wala na lugha ya waamini. Umechorwa na lugha ya maofisi. Matokeo yake tunafanya kazi moja mara mbili. Maaskofu wa Kongo walianza kuzungumzia jumuiya hai za kikristo mwaka 1961. AMECEA ikazifanya jumuiya ndogondogo kuwa kipaumbele mwaka 1976. Kila upande unasimulia historia hiyo kama vile ulianza peke yake. Mwaka 1975 Kardinali Malula alianza kuwakabidhi walei, watu wenye wake na watoto, uongozi wa parokia zisizo na padri mkazi, akiwaita bakambi. Ni uzoefu wa miaka hamsini, na ungewasaidia sana wenzetu wa majimbo ya Tanzania ambako padri mmoja huzungukia vigango visivyohesabika. Sijakutana na katekista wa kwetu aliyewahi kusikia habari zake. Zimeandikwa vizuri, kwa Kifaransa.

Kabla hatujawacheka Wakongo, tuangalie seminari zetu kuu za Segerea, Kipalapala na Peramiho. Mseminari wetu anasoma falsafa na teolojia kwa Kiingereza, kisha anapewa daraja na kutumwa kuhubiri Kiswahili hadi kustaafu. Tofauti yetu na Murhesa, seminari kuu iliyo karibu na Bukavu, ni jina la lugha ya kigeni. Sisi tumepata bahati kwamba Kiswahili chetu kimeenea hadi serikalini na bungeni, kwa hiyo barua za maaskofu wetu husomwa kwa Kiswahili na wazee wanaelewa. Lakini tasnifu na mihadhara mikubwa vyote viko kwa Kiingereza, na mwanamke wa Uvira hawezi kuvisoma kama ambavyo yule wa Kasulu hawezi kuwasoma wanateolojia wa Kinshasa. Kä Mana, mwanateolojia wa Kiprotestanti aliyeimalizia kazi yake Goma kabla ya kufariki mwaka 2021, aliandika maisha yake yote juu ya Afrika inayopaswa kujijenga upya. Mji aliouandikia unaongea Kiswahili. Vitabu vyake havipo katika Kiswahili.

Kwa hiyo wanaoshangilia kushuka kwa Kifaransa wanapaswa kuuliza ni nani atakalia kiti hicho. Ishara zinaelekea kwa Kiingereza. Vijana wengi wa Goma na Bukavu wanasomea Kampala na Nairobi, nyimbo za kuabudu za Lagos na Marekani zimejaa kwenye simu zao, na wachungaji wapya wanaanza kuchanganya Kiingereza mahali ambapo baba zao walichanganya Kifaransa. Mkalimani atabaki palepale pembeni. Ughaibuni jambo hili limekwenda kwa njia nyingine inayostahili kutazamwa: Wakongo waliopelekwa Marekani kutoka kambi ya Nyarugusu wamejenga makanisa ya Kiswahili, kwa sababu kambini Kigoma Kiswahili kilikuwa lugha ya soko na ya maombi. Ndugu zao waliotua Brussels au Montreal wana makanisa ya Kifaransa na Kilingala. Ni watu wa damu moja, wakati mwingine wa ukoo mmoja. Lugha ya kanisa lao imeamuliwa na njia waliyopitia kukimbia.

Kwa mtazamo wangu, jambo la kufuatilia si katiba ya nchi yoyote. Katiba ya Kongo ya 2006 tayari imekitaja Kiswahili kuwa lugha ya taifa na Kifaransa kuwa lugha rasmi, na hata ikigeuzwa kesho, barua za CENCO zitaendelea kuandikwa kama zilivyo, kwa sababu zile mbili nilizozikubali hapo juu. Misa ya Kifaransa ya asubuhi nayo iachwe. Wanaoipenda ni Wakristo kama wengine. Kinachowezekana, tena kwa gharama ndogo, ni kwa AMECEA na ACEAC kuwa na meza moja ya kutafsiri: barua za kichungaji zitoke siku ileile kwa Kiswahili kizima, si muhtasari, na maandiko ya Malula na ya Jamaa yapatikane Kigoma kama ambavyo nyaraka za Dar es Salaam zinapaswa kupatikana Kalemie. Na mseminari wa Murhesa anayetaka kuandika tasnifu yake kwa Kiswahili aruhusiwe, na wa Segerea vilevile, kisha wasimamizi wao wabadilishane kazi hizo kuzisahihisha. Boti kati ya Kigoma na Kalemie zipo. Kwa sasa zinabeba dagaa na saruji.